Mwenyeji, Chama na Bandari: Uhakiki wa Karatasi Moja ya Maelekezo

Aghalabu katika kurasa hizi huhakikiwa tafsiri za sheria, vitabu vya kiada na nyaraka za ofisi za serikali. Safari hii twaomba radhi ya msomaji ili tuhakiki maandishi madogo zaidi. Ni karatasi ya kurasa nne, iliyopigwa chapa kwa Kiswahili na kutiwa ndani ya boksi la mashine ya michezo aina ya Xbox 360 iliyokwisha kutumika. Karatasi hiyo inamfundisha mnunuzi namna ya kucheza na marafiki zake kwa njia ya mtandao. Mwuzaji aliyeitoa hatutamtaja, kwa kuwa nia yetu si kumwaibisha. Wauzaji wengi huuza mashine bila ya maelezo yoyote ya Kiswahili, na huyu amejitahidi.

Xbox 360 ilianza kuuzwa Novemba 2005, na ilipofika mwaka 2016 ilikoma kutengenezwa. Ni mashine ya zamani basi, na bei yake sasa ni ya kadiri. Lugha iandikwayo na mashine yenyewe katika kioo cha televisheni si Kiswahili, kwa hiyo karatasi hii ndiyo daraja pekee baina ya mnunuzi na kifaa chake. Daraja likiwa bovu, mvukaji hutumbukia.

Aliyetumbukia katika kisa hiki ni mpwa wangu. Yeye yuko Dar es Salaam, na binamu yake, waliyelelewa nyumba moja, yuko London. Walikuwa wamepatana kucheza pamoja siku za Jumamosi usiku. Jumamosi tatu zikapita bila ya mafanikio. Kila mpwa wangu alipojaribu kumfuata mwenzake mchezoni, mashine ilitoa taarifa fupi, na karatasi iliieleza taarifa hiyo kwa maneno haya: "Rafiki yako hapatikani." Usiku wa tatu aliniambia, "Mjomba, basi. Amenikataa, anaona haya kusema." Jumamosi ya nne hakuiwasha mashine kabisa. Huko London binamu yake naye alikuwa amekaa akimngoja, akidhani yeye ndiye aliyesahauliwa.

Hakuna aliyekataliwa. Palikuwa na tafsiri mbaya.

1. Kupatikana, kuwapo na kuwamo

Taarifa ya mashine haikusema lolote juu ya rafiki. Ilisema kwamba mashine imeshindwa kuingia katika mchezo ule. Mfasiri amelihamisha kosa kutoka kwenye njia akalitwika mtu. Tena amechagua neno ambalo kila mwenye simu amekwisha kulizoea. Mtu asiyepatikana, katika masikio yetu, ni mtu aliyezima simu yake au aliyejificha. Katika neno hilo mna harufu ya lawama, na mpwa wangu aliinusa.

Kosa hili linasikitisha zaidi kwa sababu Kiswahili kina zana iliyo tayari kwa kazi hii. Mashine inataka kumjulisha mchezaji mambo matatu juu ya rafiki yake: kwamba amewasha mashine na ameingia mtandaoni, kwamba yumo ndani ya mchezo fulani, na kwamba mchezo huo unaingilika au hauingiliki. Lugha nyingine hulazimika kutumia maelezo marefu. Sisi tuna viambishi vya mahali ambavyo mtoto wa miaka minne hutumia bila ya kufundishwa: yupo, yumo, hayumo. "Rafiki yupo" yatosha kueleza kwamba yuko mtandaoni. "Yumo mchezoni" yatosha kueleza jambo la pili. Na kwa jambo la tatu yafaa kuandika: "Mchezo alimo rafiki yako hauingiliki kwa sasa." Sentensi hii haimlaumu mtu, na inamwelekeza msomaji mahali pa kutafuta dosari.

Kwa sababu hiyo hiyo tunatilia shaka kitenzi "kujiunga", ambacho karatasi imekitumia kila mahali penye neno la Kiingereza "join". Mtu hujiunga na ushirika, na jeshi, au na bima ya afya. Kujiunga huleta uanachama na wajibu wa muda. Anayemfuata rafiki katika mchezo wa nusu saa haungani na kitu chochote cha namna hiyo. Anaingia, kisha anatoka. "Ingia mchezoni" ni fupi, ni sahihi, na kinyume chake kinajulikana na kila mtu.

2. Chama kisicho na wanachama

Katika ukurasa wa pili twasoma: "Jiunge na chama cha rafiki yako." Mtumishi wa serikali atakayesoma sentensi hii bila ya picha iliyo kando yake atadhani ni siasa.

Neno linalofasiriwa hapa ni "party". Katika Kiingereza neno hilo lina maana zaidi ya moja: karamu, chama cha siasa, upande katika mkataba, na vilevile kundi la watu wanaofuatana safarini. Maana hii ya mwisho ndiyo iliyochukuliwa na waundaji wa michezo. Mfasiri ameifungua kamusi, akachukua maana ya pili, akaiacha ya nne. Ni kosa la kawaida, na sisi tunaoandaa orodha za istilahi tumekuwa tukilifanya kila tunapotafsiri neno pasipo kwanza kuiona dhana yenyewe ikifanya kazi.

Dhana yenyewe ni hii. Tangu Novemba 2008, wenye Xbox 360 wameweza kukusanyika hadi watu 8 wakazungumza kwa sauti, hata kama kila mmoja anacheza mchezo wake mbali na wenzake. Mkusanyiko huu hauna mahali. Unahama pamoja na watu kutoka mchezo hadi mchezo, na unakufa pale wa mwisho anapoondoka.

Tulijadiliana na wenzetu kuhusu maneno matatu. "Baraza" lina uzuri wake, kwani barazani watu hukaa wakaongea huku huyu akisuka ukili na yule akicheza bao. Lakini neno hilo limekwisha kupewa kazi nyingi za serikali, na nchini Kenya humkumbusha msikilizaji mkutano wa chifu. "Kijiwe" kinapendwa na vijana wa Tanzania, na maana yake iko karibu mno. Ila kijiwe, kama baraza, ni mahali: watu huondoka, kijiwe hubaki. Kinachohitajika ni jina la watu wenyewe. Kwa hiyo twapendekeza "kundi", neno lisilo na mapambo, linaloeleweka kutoka Lamu hadi Bukavu. "Ingia kundini", "toka kundini", "alika kundi zima mchezoni": hakuna anayehitaji kamusi.

3. Mwenyeji anayehama na nyumba yake

Karatasi imetumia neno "mwenyeji" kwa vitu viwili tofauti. Katika ukurasa wa pili mwenyeji ni mchezaji ambaye mashine yake inaendesha mchezo kwa niaba ya wote. Katika ukurasa wa tatu mwenyeji ni kompyuta kubwa ya kampuni, iliyo mbali, inayohudumia wachezaji wengi kwa pamoja. Chanzo cha mchanganyiko ni Kiingereza chenyewe, ambacho huita vyote viwili "host" pale kinapozembea. Lakini si lazima tuazime na uzembe.

Kwa kompyuta ya kampuni tunalo neno "seva", lililokwisha kuenea. Libaki hapo. "Mwenyeji" liwekewe mpaka, litumike kwa mchezaji peke yake, na tuone kama linamfaa.

Linamfaa kwa upande mmoja. Wahenga walisema mgeni njoo, mwenyeji apone. Na katika michezo ya namna hii mwenyeji hupona kweli. Kila tendo la mgeni husafiri hadi kwenye mashine ya mwenyeji kisha jawabu hurudi, ilhali matendo ya mwenyeji mwenyewe hayasafiri popote. Yeye hatukiwi na ucheleweshaji, na wachezaji wengi wamelalamikia upendeleo huo.

Kwa upande wa pili neno halimfai sana. Mwenyeji wetu ana nyumba. Akitoka kwenda sokoni, wageni hubaki wamekaa na nyumba haiondoki. Mwenyeji wa mchezo akizima mashine, nyumba nzima hutoweka, isipokuwa mchezo uwe umetengenezwa kuweza kumteua mgeni mmojawapo kuwa mwenyeji mpya. Halo 2, mchezo uliotolewa mwaka 2004 kwa mashine iliyotangulia Xbox 360, ulikuwa na uwezo huo: mwenyeji alipoondoka, wachezaji waliona mchezo ukisimama kitambo, kisha ukaendelea juu ya mashine ya mwingine.

Pamoja na upungufu huu tunakubali "mwenyeji", kwa sababu linaeleza haki na wajibu wa mtu huyo kuliko neno jingine lolote tulilolipima. Lakini kila kitabu kitakacholitumia kieleze mara moja, mwanzoni, kwamba mwenyeji akiondoka mchezo waweza kukatika. Istilahi nzuri haiondoi haja ya fasili.

Kuhusu "lobby", yaani mahali wachezaji wanapongojana kabla ya mchezo kuanza, karatasi imeandika "ushawishi". Hapa mfasiri amekwenda hadi bungeni. "Ukumbi" latosha. Ni sehemu ya nyumba ambamo mgeni hupokelewa kabla ya kukaribishwa ndani, na linaafikiana na mwenyeji na mlango.

4. Bandari namba 3074

Sasa tufike kwenye kosa lililowatenganisha vijana wetu. Ukurasa wa nne unasema: "Kama hali ya mtandao wako ni kali, fungua bandari 3074."

Mpwa wangu anaishi karibu na bandari. Alicheka, akaigeuza karatasi, na hakuisoma tena.

Alichotaka kusema mfasiri ni hiki. Katika nyumba yenye ruta, vifaa vyote hutokea mtandaoni kwa anwani moja. Ujumbe unaotoka nje ukimtafuta mchezaji hufika kwenye ruta, na ruta ndiyo inayoamua kama utaingia na kama utapelekwa kwa kifaa gani. Kila huduma hupewa namba yake ya kupitia, na namba inayotumiwa na mashine hii ni 3074. Kitu hicho si bandari, bali ni mlango. Meli haina kazi hapa.

Mashine huipima hali ya njia hiyo na kuipa daraja moja kati ya tatu. Karatasi imeziita "wazi", "wastani" na "kali". Neno la kwanza ni sahihi. La pili halisemi wastani wa nini. La tatu ni tafsiri ya neno kwa neno, na linamfanya msomaji adhani mtandao wake una kasi kubwa mno, au una hasira.

Kama tumekubali kuwa ni mlango, basi lugha ya milango tunayo, tena ni ya kale. Mlango huwa wazi. Huwa umeshindikwa, yaani umesukumwa ukafungika bila ya kutiwa komeo. Au huwa umekomewa. Tazama jinsi maneno haya matatu yanavyoeleza kanuni ya mashine bila ya kuhitaji somo la uhandisi. Mwenye mlango wazi aweza kucheza na yeyote. Mwenye mlango ulioshindikwa aweza kucheza na aliye wazi na aliyeshindika kama yeye. Mwenye mlango uliokomewa hafikiwi na mtu kutoka nje. Yeye mwenyewe ndiye hana budi kutoka amfuate mwenzake, na atapokelewa na aliye wazi tu. Watu wawili waliokomea hawakutani kamwe, hata wakiitana usiku kucha.

Hiyo ndiyo iliyokuwa hali ya vijana wetu. Wa London alikuwa ameshindika. Wa Dar es Salaam alikuwa amekomea, bila ya kujua kwamba ana komeo. Urafiki wao ulikuwa mzima, majina yao yalikuwamo katika orodha ya kila mmoja, na kila mmoja aliona kwamba mwenzake yupo. Kilichokosekana ni namba moja katika ruta, kazi ya dakika kumi. Tulipoifanya, mpwa wangu aliingia mchezoni mara ya kwanza alipojaribu.

5. Nani anayekitunza kitu hiki?

Msomaji aweza kusema kwamba haya ni mambo ya watoto, na kwamba Baraza lina kazi nzito zaidi. Twaomba afikirie jambo moja. Maneno tuliyoyahakiki yanataja vitu vinavyotunzwa na watu tofauti. Orodha ya marafiki na kundi la maongezi vinatunzwa na kampuni iliyounda mashine. Seva ya mchezo aghalabu inatunzwa na mchapishaji wa mchezo huo. Mwenyeji ni mchezaji, na mlango ni wa mwenye nyumba. Mashine ikiwa mpya, vyote hufanya kazi pamoja na hakuna anayejali tofauti. Mashine ikizeeka, watunzaji hawa huondoka kwa zamu, na ndipo anayejua majina sahihi anapojua kilichobaki na kilichokwenda.

Mifano ipo. Tarehe 20 Mei 2014 kampuni ya Nintendo ilifunga huduma ya mtandao ya michezo ya mashine yake ya Wii. Huko urafiki ulikuwa umetaka juhudi: mashine ilikuwa na namba ya tarakimu 16, na ilikuwa lazima kila upande uiandike namba ya mwenzake ndipo wote wawili wawe marafiki. Mwaka 2022, mwezi wa Januari, zilifungwa seva za michezo ya Halo ya Xbox 360, lakini mashine yenyewe na orodha zake za marafiki havikufungwa. Tarehe 29 Julai 2024 lilifungwa duka la mtandaoni la Xbox 360, na kampuni ikaeleza kwamba michezo iliyokwisha kununuliwa ingeendelea kuchezwa mtandaoni pale ambapo mchapishaji bado anatunza seva. Mtu aliyefundishwa kuviita vyote hivi "mtandao wa mwenyeji" atasikia habari ya duka, atadhani kila kitu kimekufa, na atauza mashine yake kwa bei ya chuma chakavu. Mwingine atauziwa diski ya mchezo ambao seva yake ilikwisha kufungwa, akiahidiwa kwamba atacheza na ndugu zake walio ng'ambo. Wote wawili watakuwa wamepoteza fedha kwa ajili ya neno.

Mfano unaotugusa zaidi ni wa Halo 2 yenyewe. Tarehe 15 Aprili 2010 kampuni ya Microsoft ilifunga huduma ya mtandao kwa mashine yake ya kwanza ya Xbox. Baadhi ya wachezaji walikataa kuzima mashine zao. Kwa kuwa walikuwa wamekwisha kuingia, na kwa kuwa mwenyeji wa mchezo alikuwa mmoja wao, waliendelea kucheza. Waliokuwamo wakabaki wamo. Aliyetoka, hata kwa kukatika umeme, hakuweza kurudi. Wakapungua mmoja mmoja, hadi wa mwisho alipotoka mwezi wa Mei. Jaribu, msomaji, kukieleza kisa hiki kwa maneno ya karatasi yetu, yaani chama, kujiunga na kupatikana. Hakielezeki. Kieleze kwa yumo, ametoka, mwenyeji na mlango, nacho kitaeleweka hata na bibi asiyewahi kuiona mashine hiyo.

6. Lawama na mapendekezo

Haki inatutaka tuseme kwamba lawama si ya mfasiri peke yake. Alipolitafuta neno hakulikuta, kwa sababu sisi tuliopewa kazi ya kuliandaa hatukuwa tumeliandaa. Uzoefu wetu na jina la kompyuta unatosha kutuonya. Wataalamu walikuwa wakishindanisha "tarakilishi" na "ngamizi", na wananchi walipoona mjadala hauishi wakasema "kompyuta" na kuendelea na shughuli zao. Mtumiaji hangoji kikao. Tukichelewa, atachukua lolote lililo karibu, na mara nyingine lililo karibu ni bandari.

Karatasi hii ina mema pia. "Orodha ya marafiki", "alika" na "seva" ni maneno yaliyochaguliwa vyema, na hatuoni sababu ya kuyagusa. "Rafiki" tunalikubali ingawa katika orodha hiyo humo pia watu waliokutana mara moja tu. Mashine haifanyi urafiki mpaka mmoja aombe na wa pili aridhie, na ridhaa ya pande mbili ndiyo mwanzo wa urafiki wowote.

Kwa hiyo twaleta mbele ya wasomaji mapendekezo haya wayapime: kundi, badala ya chama; ukumbi, badala ya ushawishi; kuingia na kutoka mchezoni, badala ya kujiunga na kujitoa; mwenyeji, kwa mchezaji tu; seva, kwa kompyuta ya huduma tu; mlango, badala ya bandari; na mlango huo uwe wazi, umeshindikwa au umekomewa. Juu ya hayo yote, kila taarifa ya kushindwa itaje kilichoshindwa, wala isimtaje mtu.

Walimu wanaofundisha masomo ya kompyuta, na wafasiri wanaoandika maelekezo ya vifaa, wanaombwa kuyajaribu maneno haya kwa wanafunzi na wateja wao, kisha watuandikie. Tungependa hasa kusikia kutoka kwa wale ambao kwao "kushindika" si neno la kila siku. Kama lina mwenzake linalofahamika zaidi bara, tutalipokea kwa shukrani. Neno likataliwe sasa, kabla halijapigwa chapa na kutiwa ndani ya boksi.